Msamaha Hauombwi kwa Jumla

Ipo methali moja ambayo nimeichoka. Nimeisikia misibani, nimeisikia kwenye mabaraza ya kata, nimeisikia kwa wabunge, na tangu Novemba 2023 nimeisikia mara nyingi kuliko ninavyoweza kuvumilia: yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Kila anayeitamka huitamka kwa sauti ya mtu mzima mwenye busara, na watu hutikisa vichwa, na mazungumzo hufungwa. Mimi nasema methali hiyo inafaa kwa mbuzi aliyekula mahindi ya jirani. Kwa watu walioangamizwa, waliochomewa vihenge ili wafe njaa, waliokatwa vichwa na vichwa vyao vikapakiwa masandukuni kama sampuli za udongo, haifai hata kidogo. Na tena, ni mganga gani huyo anayeganga yajayo? Ndwele ni ile iliyokwisha kuingia mwilini. Yajayo hayajaumwa bado.

Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alisimama Songea, kwenye Makumbusho ya Maji Maji, akasema anaona aibu, akaomba msamaha kwa yale ambayo Wajerumani waliwatendea mababu wa watu wa pale. Alikutana na ukoo wa Nduna Songea Mbano, aliyenyongwa mwaka 1906 na ambaye kichwa chake kinaaminika kupelekwa Ujerumani. Aliahidi kwamba kitatafutwa, ingawa hakuahidi kwamba kitapatikana. Sina ugomvi na mzee yule. Alikuja, aliinama, alisema neno ambalo wengi waliomtangulia hawakulisema. Ugomvi wangu ni na wale wetu waliorudi nyumbani jioni ile wakasema: basi, yamekwisha, ameomba radhi, tusonge mbele.

Yamekwisha kwa nani?

Hebu tukumbushane kidogo, maana hata mambo haya tunayafundisha shuleni kwa haraka, kati ya Mkutano wa Berlin na Vita Kuu ya Kwanza. Vita vya Maji Maji vilianza mwishoni mwa Julai 1905 kwenye vilima vya Umatumbi, watu walipong'oa pamba waliyolazimishwa kulima. Kinjikitile Ngwale, aliyetoa maji ya Ngarambe, alinyongwa Agosti 4 mwaka huo huo, lakini maji yalikuwa yamekwisha kusafiri. Yalifika Ungoni, yalifika Mahenge, yalipanda mpaka Ubena, ambako Septemba 1905 wapiganaji walishambulia misheni ya Yakobi karibu na Njombe. Risasi peke yake haikuvimaliza vita hivyo. Vilimalizwa na njaa, na njaa haikuwa bahati mbaya. Kapteni Wangenheim alimshauri Gavana von Götzen kwamba ni njaa na ufukara tu vitakavyowafanya watu wasalimu amri kabisa. Basi mashamba yakachomwa, maghala yakachomwa, mbegu na mifugo vikachukuliwa, na waliokimbilia porini wakazuiwa wasipande. Mwaka 1907 vita vilipokuwa vimekwisha, watu walikuwa bado wanakufa.

Wangapi? Hapa msomaji asimame kidogo. Wazungu waliokufa ni 15. Askari na ruga-ruga wa upande wa Wajerumani ni 389. Hesabu hizo zimehesabiwa mmoja mmoja, kwa daftari. Waliokufa upande wa pili, serikali ya Kijerumani ilisema ni 75,000. Mwanahistoria wetu Gilbert Gwassa alikuja kukadiria kati ya 250,000 na 300,000. Kati ya hesabu moja na nyingine kuna watu zaidi ya laki moja na nusu ambao hatuna uhakika hata kama walikufa! Hawa hawakupotea kwa sababu ni wa zamani mno. Lugalo ni ya zamani zaidi, na tunajua vizuri kwamba Emil von Zelewski, yule aliyeitwa Nyundo, alianguka pale tarehe 17 Agosti 1891, na Wajerumani wakamwekea yeye na wenzake jiwe la kumbukumbu ambalo lipo mpaka leo. Walipotea kwa sababu walihesabiwa kwa jumla, kama mfanyabiashara anayenunua viazi Njombe: gunia hili, gunia lile, nani atahesabu kiazi kimoja kimoja?

Na hili ndilo neno langu lote. Waliuawa kwa jumla, wakahesabiwa kwa jumla, na sasa wanaombewa radhi kwa jumla. Msamaha hauendi hivyo. Aliyekosewa ni mtu fulani, mahali fulani, siku fulani, na asiyetajiwa hayo hana cha kusamehe, hata akipenda.

Watu watasema, hayo ni maneno makubwa, kwani hayo ya Maji Maji yalikuwa mauaji ya kimbari? Wanasheria wana mizani yao. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Desemba 9, 1948 unataka nia ya kuangamiza kundi, lote au sehemu yake, na miongoni mwa matendo unayoyataja ni kuliwekea kundi kwa makusudi hali za maisha zitakazolimaliza. Anayechoma mbegu anajua anachofanya. Lakini nitakuwa mkweli: von Götzen hakuandika amri kama ile ya Jenerali von Trotha ya Oktoba 2, 1904 dhidi ya Waherero wa Namibia, na mtu anayesema lengo la huku lilikuwa kutiisha ana hoja ya kusikilizwa. Mimi sitapoteza karatasi kwa ugomvi huo. Naona tu kwamba neno letu la Kiswahili limechagua vizuri. Kimbari inatokana na mbari, yaani ukoo, watu wa mlango mmoja. Mwaka 1994, Rwanda ilipowaka moto na watu wapatao robo milioni wakavuka daraja la Rusumo kuingia Ngara kwa muda wa siku moja hivi, watangazaji wetu walihitaji neno, nalo likashika. Lugha yetu haikusikia taifa wala kabila katika jambo lile, ilisikia ukoo. Na ukoo una majina.

Angalia basi namna Rwanda ilivyohangaika na majina hayo. Umoja wa Mataifa uliunda mahakama mwezi Novemba 1994 na kuiweka hapa kwetu, Arusha. Ilifanya kazi mpaka Desemba 31, 2015. Ilishtaki watu 93, ikawatia hatiani na kuwaadhibu 61. Miaka zaidi ya ishirini, fedha nyingi mno, watu 61! Wanyarwanda walilalamika, na walikuwa na haki ya kulalamika. Mahakama ilikuwa mbali na makaburi. Watuhumiwa walioishi na virusi vya Ukimwi walipata dawa rumande, huku baadhi ya wanawake waliobakwa na kuambukizwa mwaka 1994, ambao ndio mashahidi, wakikaa miaka bila dawa hizo. Waliofunguliwa baada ya kuonekana hawana hatia walikwama Arusha kwa miaka, hakuna nchi iliyowataka. Hata hivyo, ni mahakama hiyo iliyotamka Septemba 2, 1998, katika kesi ya Jean-Paul Akayesu, bwana meya wa Taba, kwamba ubakaji unaweza kuwa tendo la mauaji ya kimbari. Haikutamka hivyo kwa jumla. Ilitamka kwa sababu wanawake wa Taba walisimama mbele ya majaji wakaeleza ilikuwa ofisi gani, ua upi, na nani alikuwa amesimama mlangoni.

Nyumbani kwao Wanyarwanda walirudi kwenye majani. Gacaca ni baraza la kukaa kwenye nyasi. Mpaka lilipofungwa Juni 2012, mabaraza hayo yalikuwa yamesikiliza kesi karibu milioni mbili. Nayo yalikuwa na kasoro za kutosha: mshtakiwa hakuwa na wakili, mashahidi walitishwa, wengine walisingiziana kwa ajili ya shamba, na makosa ya askari wa upande ulioshinda hayakuletwa kwenye nyasi zile. Nayajua yote hayo na bado nasema kitu kimoja kilifanyika pale ambacho hakijafanyika Songea, wala Njombe, wala Iringa. Mama aliuliza: mwanangu mlimtupa wapi? Na mara nyingi alijibiwa. Walikwenda na majembe, wakafukua.

Sasa, wapo watakaosema Ujerumani haiwezi kufanya kazi ya namna hiyo, mambo ni ya zamani, ushahidi umepotea. Ujerumani? Mwaka 2011 mahakama ya Frankfurt ilianza kusikiliza kesi ya Onesphore Rwabukombe, aliyekuwa meya huko Rwanda kabla ya kukimbilia Ujerumani. Kesi ilihusu mauaji ya kwenye kanisa la Kiziguro. Majaji wa Kijerumani walikaa miaka mitatu wakiuliza nani alisimama wapi, nani alisema nini, lango lilifunguliwa upande gani. Wakamhukumu mwaka 2014, rufaa ikaonekana adhabu ni ndogo, na Desemba 2015 akapewa kifungo cha maisha. Nampongeza kila jaji aliyeshiriki. Lakini basi tusiambiwe kwamba Mjerumani hajui kupima damu kwa rejareja. Anajua sana, kuliko wengi. Anapotaka.

Kwa Namibia hakutaka. Mei 2021 serikali ya Ujerumani ilikiri kwamba yaliyotendeka kati ya 1904 na 1908, kwa macho ya leo, ni mauaji ya kimbari. Ikaahidi euro bilioni 1.1 kwa miaka thelathini, kwa miradi ya maendeleo, ikakwepa kabisa kuziita fidia. Viongozi wengi wa Waherero na Wanama walikataa. Walisema: mmezungumza na serikali ya Windhoek, sisi tuliouawa hatukuwa na kiti mezani. Wengine hapa nyumbani waliwacheka, wakasema watu maskini wanakataa hela. Mimi niliwaelewa upesi. Ukimgonga mtoto wangu kwa gari, huendi kumwomba radhi mkuu wa wilaya.

Nasi tunaelekea huko huko. Mwaka 2017 serikali yetu ilisema bungeni kwamba inaandaa madai kwa Ujerumani. Sipingi madai, wala siwaonei aibu wanaotaja fedha. Aliyechukua ng'ombe akarudisha pole bado ana ng'ombe. Waingereza waliwalipa wazee wa Mau Mau 5,228 mwaka 2013 kwa sababu wazee wale walikwenda London na majina yao, makovu yao na wakili wao, na wakili akapekua majalada mpaka yakasema. Wangeiachia Nairobi na London wazungumze kwa jumla, wangekufa wote wakingojea. Mimi nauliza tu: siku fedha ya Berlin itakapoingia hazina ya taifa, nani kule Ungoni, au Ubena, au Umatumbi, ataambiwa chochote kuhusu bibi yake?

Lakini sikuandika haya ili kuisema Berlin peke yake. Kuisema Berlin ni rahisi, iko mbali na haitatujibu. Mimi baba yangu ni Mhehe wa Iringa na mama yangu ni Mbena wa upande wa Njombe, na nimefanya kazi Mbeya nusu ya maisha yangu. Mtu wa namna yangu akipanda basi Iringa kwenda Mbeya anapita katikati ya madeni yake mwenyewe.

Tuanze Kalenga. Mtwa Mkwawa tunamwimba, na anastahili. Alimpiga Zelewski Lugalo, akapigana mpaka ngome yake ikavunjwa na Wajerumani mwishoni mwa Oktoba 1894, akawasumbua porini miaka minne zaidi, akajiua Mlambalasi Julai 19, 1898 kuliko kushikwa. Lakini muulize Msangu. Kabla Mjerumani hajafika, Wahehe walikuwa wamemfukuza Merere kutoka Utengule ya Usangu, kwenye tambarare ile ambayo leo abiria huiona ina mpunga kuanzia Igawa mpaka Igurusi. Merere akakimbilia Usafwa, akajijengea ngome ya mawe upande wa Mbalizi, ambako nako kuna Utengule nyingine. Muulize Msafwa mawe yale yalibebwa na nani. Baadaye Mjerumani alipokuja kumtafuta Mkwawa, Merere alikuwa rafiki yake, na Kalenga ilipoanguka Merere akarudishwa Usangu kama malipo. Tom von Prince alimsimika hata ndugu yake Mkwawa, Mpangile, awe mtawala wa Uhehe, kisha mapema mwaka 1897 akamnyonga. Ndivyo alivyokuwa: humtumia ndugu, akimaliza humtundika.

Halafu inakuja 1905, na hapa ndipo Wahehe wenzangu huanza kukohoa. Wahehe hawakunywa maji. Walikuwa wamekwisha kuchoka, na nani atawalaumu? Lakini kuchoka ni jambo moja. Kapteni Nigmann, mkuu wa boma la Iringa, alipotoka kwenda kuzima moto wa Mahenge na Ubena, hakutegemea Wazungu, maana hakuwa nao. Jeshi la Mjerumani lilikuwa watu weusi: Wasudani, Wamanyema, Wanyamwezi, Wasukuma, na pamoja nao ruga-ruga wa nchi hii hii, na miongoni mwa ruga-ruga hao walikuwamo vijana wa Uhehe. Ruga-ruga hakulipwa mshahara wa maana. Alilipwa kwa alichokikuta. Alikuta ng'ombe, alikuta nafaka, alikuta wanawake. Hata Wabena wenyewe hawakuwa upande mmoja. Wa milimani kwa Mbeyela walipigana na Mjerumani, na Kiwanga, mtawala wa Wabena wa kule bondeni Ulanga, alisimama naye.

Abiria anayeshuka Makambako kubadilisha basi la kwenda Njombe na Songea anasimama kwenye njia panda ya mambo hayo yote. Hakuna kibao. Wauza mahindi ya kuchoma wapo, wauza ulanzi wapo, lakini hakuna neno.

Najua kwa nini hakuna neno. Tulipopata uhuru tulihitaji mababu waliopigana na mkoloni wakiwa kitu kimoja, na Mwalimu alikuwa sahihi kutujengea nchi moja kabla ya kutuonyesha nyufa zake. Mwaka 1968 wanafunzi wa Chuo cha Dar es Salaam walitawanyika vijijini kuwahoji wazee waliokumbuka Maji Maji. Ilikuwa kazi kubwa, na iliwahi wakati. Lakini karatasi zile ziliandikwa zaidi kwa Kiingereza, zikakaa chuoni. Vijijini zilirudi kama wimbo: tulipigana, tulishindwa, tulikuwa mashujaa. Shujaa ni neno zuri la kuwanyamazisha wafu. Ukishamwita shujaa humwulizi tena aliuawa na nani na mkewe alikwenda wapi.

Wapo wanaoogopa kwamba ukichokonoa haya utaamsha ukabila. Hofu hiyo naiheshimu, maana nchi jirani zimetuonyesha. Lakini Rwanda haikuungua kwa sababu watu walizungumza mno kuhusu waliouawa 1959 na Desemba 1963. Mauaji yale hayakufanyiwa hesabu ya haki hata siku moja, na kila upande ukabaki na hesabu yake mfukoni.

Tena sisi wa nyanda hizi tunayo njia ya kusuluhisha watu waliouana, nayo haikutoka Geneva. Wahehe na Wangoni walipigana vita viwili vibaya mwishoni mwa miaka ya 1870 na mwanzoni mwa miaka ya 1880, wakamalizana bila mshindi. Leo ni watani. Watu wa mijini hudhani utani ni vichekesho vya kumwambia Mhehe anakula mbwa. Nenda kwenye msiba uone. Mtani ndiye anayekuja mapema, anachimba kaburi, anaingia ndani ya shimo na kudai alipwe kabla maiti haijashushwa, anamtukana marehemu mbele ya mjane, na mjane anacheka huku analia. Ana haki hiyo kwa sababu babu yake alimuua babu yako na babu yako alimuua babu yake, na jambo hilo halijafichwa. Linatajwa kila anapofariki mtu, kwa jina la marehemu huyo. Utani una masharti: lazima aje mwenyewe, lazima ashike jembe, lazima naye akubali kutukanwa na kuchukuliwa kuku wake siku ya kwake.

Mjerumani si mtani wetu. Hajashika jembe. Alikuja na shada la maua, na shada la maua ni kitu kizuri, lakini halichimbi.

Jembe lake analo, na liko wapi tunajua. Mabomani mwao Wajerumani waliandika kila kitu. Sehemu ya majalada yao iko Dar es Salaam, kwenye Nyaraka za Taifa, kwa Kijerumani na kwa mwandiko wa zamani ambao hata Mjerumani wa leo husoma kwa shida. Sehemu nyingine iko Berlin. Ndani yake mna kijiji kilichochomwa, tarehe, idadi ya ng'ombe, jina la jumbe aliyenyongwa. Nataka yatafsiriwe kwa Kiswahili, yote, kwa fedha ya Ujerumani, na kila wilaya ipelekewe sehemu yake: Njombe ipate ya Njombe, Mahenge ya Mahenge, na Iringa ipate yake pia, pamoja na kurasa zinazosema ruga-ruga wetu walirudi na nini. Yasomwe hadharani, kwa vikao vya siku nyingi kama ikibidi. Wabena wakisikia jina la Mhehe, wasikie. Hapo ndipo atakayetaka kusamehe atakuwa na kitu mkononi, na atakayekataa atakuwa na haki ya kukataa, maana nayo ni haki ambayo watu wa methali hawaitaji.

Na mafuvu. Mwezi Septemba 2023 wenye makumbusho wa Berlin walitangaza kwamba katika mafuvu zaidi ya 1,100 waliyoyachunguza, karibu 200 yalitoka nchi hii, na mengi zaidi yalitoka Rwanda. Yale ya Rwanda yalikusanywa mwaka 1907 na 1908 na msafara wa kisayansi, ili yapimwe, ijulikane nani ni wa aina gani ya mtu. Msomaji anajua vipimo vya namna hiyo viliishia wapi. Kwa yale ya Tanzania, vipimo vya vinasaba vilionyesha jamaa walio hai wa watu watatu, kule Uchaga. Watu watatu ni wachache. Lakini kila mmoja ana jamaa sasa, wanaojua ni lipi lao.

Hapa narudi kwetu Kalenga, kwenye sanduku la kioo. Mkataba wa Versailles wa 1919 uliamuru fuvu la Mkwawa likabidhiwe kwa Waingereza ndani ya miezi sita. Ilichukua miaka 35. Gavana Twining alikwenda mwenyewe Bremen, akakuta mafuvu 2,000, na 84 kati yake yametoka Afrika Mashariki ya Kijerumani. Akachaguaje? Kwa kupima. Walichukua vipimo vya vichwa vya jamaa za Mkwawa, wakalinganisha, wakabakiza machache, na katika hayo wakachukua lenye tundu la risasi. Yaani elimu ile ile iliyoiba vichwa ndiyo iliyotumika kurudisha kimoja. Juni 19, 1954 Twining alimkabidhi Chifu Adam Sapi Mkwawa mbele ya umati, ng'ombe zikachinjwa, watu wakalia. Mwaka ule ule Waingereza hao hao walikuwa wananyonga watu Kenya.

Nimekwenda Kalenga mara nyingi na kila mara nimetoa heshima. Wazee wa ukoo ndio wenye neno, na wakisema lisiguswe, halitaguswa. Lakini siku hizi kipimo kipo, jamaa wapo, na kaburi la kiwiliwili liko Mlambalasi. Nimewauliza watu kadhaa wenye vyeo kwa nini jambo hili halifanyiki, nikajibiwa kwamba tusichokoze, wananchi wameshalizoea. Wanaogopa jibu moja tu, kwamba si lake. Mimi jibu hilo haliniogopeshi kwa ajili ya Mkwawa, maana heshima yake haikai kwenye mfupa. Linanisumbua kwa ajili ya mwingine. Katika yale mafuvu mengine 83 yaliyobaki Bremen siku ile, na katika hili tulilolipigia ngoma, kila moja lilikuwa la mtu. Kama hili si la Mkwawa, basi kuna mtu ambaye tumemlia miaka 70 kwa jina la mwingine. Alipigwa risasi wapi? Kwao ni wapi, na nani huko bado anamngoja?